Nne au Tano

Kadi ilikuwa imeshaondoka mkononi mwake ndipo Sajini Chamnian aliposhikwa na wasiwasi. Mwanzoni ulikuwa wasiwasi mdogo tu, ule wa kumfanya mtu apapase mfuko kutafuta funguo. Alifunga kalamu, akatazama nje ya hema la hesabu, akamwona tarishi wa kikosi akiipeleka kadi kwenye mstari wa mizinga. Tarishi alikuwa anatembea kwa hatua za gwaride kama walivyoamriwa wote siku hiyo, kadi ameishika kwa mikono miwili mbele ya kifua. Hapo swali likamjia Chamnian.

Kwenye mstari wa pete za baruti, aliandika tano au aliandika nne?

Hesabu yenyewe alikuwa na hakika nayo. Aliipiga mara mbili, na Koplo Oi, askari wa kike aliyekaa naye meza moja, akaipiga mara ya tatu, wote wakapata tano. Tatizo lilikuwa mkono. Nne na tano za Kithai ni pacha: zote mbili ni kiduara kilichoviringana na mkia unaopanda juu, ila tano ina kibonyeo kidogo kichwani, basi, hakuna kingine. Mwalimu wa darasa la kwanza alimchapa sana kwa ajili ya kibonyeo hicho. Na alipofika kwenye tarakimu ile asubuhi hii, Kapteni Wasan alikuwa amemwinamia begani akimwuliza kama wino ni mweusi au wa bluu, maana Kanali anataka mweusi. Alimjibu. Halafu je, alirudi kuweka kibonyeo, au aliruka akaenda mstari unaofuata? Alijaribu kukumbuka, akakumbuka swali la wino tu.

Siku zote kazi hii waliifanya kwa tarakimu zile zile za kwenye simu na kwenye saa, ambazo hakuna anayezikosea. Tena hawakuwa wakiandikiana. Chamnian alitaja namba kwenye simu ya waya, mzinga wa kwanza ukairudia kwa sauti, wa pili ukaipokea, mpaka wa nne, kelele tupu, na kama mmoja amesikia vibaya watatu wanamzomea. Lakini leo amekuja Jenerali. Kanali, mkuu wa kikosi, aliona kwamba mizinga ya taifa haiwezi kupigwa kwa namba za wageni, kwa hiyo kila karatasi iandikwe kwa tarakimu za Kithai. Aliona pia kwamba kupayuka ni tabia ya sokoni, kwa hiyo kadi itapita kimya kimya kutoka mzinga mmoja hadi mwingine. Waya wa simu ulikatiza zulia jekundu, ukang'olewa. Redio ya upepo iliunganishwa na vipaza sauti ili wageni wasikie maneno ya waangalizi kutoka kilimani, na mtu mwingine yeyote akapigwa marufuku kuigusa. Kila kitu kilichokuwa kinawalinda watu kilionekana hakipendezi, kikaondolewa, na hakuna ofisa hata mmoja aliyefungua mdomo. Kumwambia Kanali kwamba amekosea ni kumvua nguo hadharani, na kwetu hakuna anayemvua mkubwa wake nguo.

Mizinga yenyewe ilikuwa mipya, minne, ina miezi mitatu tu kikosini. Ni mitutu minene inayotazama juu, imewekwa juu ya magurudumu. Kombora hudumbukizwa kwa mdomo wa juu, likigonga kitako linaruka. Wapigaji walikuwa wameifunga vitambaa vya rangi na mashada ya maua ya njano shingoni, na mzee Bunta wa mzinga wa kwanza aliwasha ubani asubuhi na kuweka soda nyekundu mbele ya gurudumu, kama anavyofanya kila mara. Mkiani mwa kombora huvishwa pete za baruti. Pete nyingi, linakwenda mbali. Pete chache, linaanguka karibu. Kwa pete tano, pigo la tatu na la mwisho la leo lingevuka Kilima cha Nyuki na kuangukia malori mabovu yaliyopakwa chokaa kwenye bonde la nyuma. Kwa pete nne lingeanguka juu ya kilima chenyewe.

Na juu ya kilima, kwenye shimo lisilo na paa, alikuwepo Koplo Wirot na wenzake wawili, wana darubini na redio. Nyumbani walimwita Kung, yaani uduvi, kwa sababu alizaliwa mdogo na mwekundu. Alikuwa mume wa Lamyai, dada yake Chamnian, na Lamyai alikuwa na mimba ya miezi saba. Kazi ya kilimani Chamnian ndiye aliyemwombea. Alitaka sauti ya shemeji yake isikike mbele ya Jenerali, huenda mtu akauliza jina lake, huenda mwakani akapanda cheo.

"Oi," alisema kwa sauti ya chini. "Ile kadi ya tatu. Uliniona nikiiandika?"

"Niliona kidole chako cha gumba. Kimejaa wino. Na mkono huo ndio utampigia Jenerali saluti, kaka Tao?"

Tao ni kobe. Ndilo jina lake la utotoni, kwa uzito wake wa kuamka na kutembea, na kikosi kizima kililijua. Siku nyingine angemrudishia Oi utani wake. Leo alimtazama tu, na Oi akaacha kucheka.

"Mstari wa pete," alisema Chamnian. "Sijui kama nimeandika tano."

"Si tulipata tano?"

"Tulipata tano. Sijui kama niliandika tano."

Oi alivuta daftari lililokuwa chini ya kadi, akalipeleka kwenye mwanga mlangoni, akaliinamisha. Kalamu ya Chamnian ilikuwa imekandamiza, na karatasi ya juu ilibaki na alama zote: uelekeo, pembe, saa ya kupiga. Kwenye mstari wa pete palikuwa na kiduara na mkia. Chamnian aliinama mpaka pua ikagusa karatasi. Kijasho chembamba kilimtoka, tone likaanguka pembeni, akalifuta kwa hofu kana kwamba limeangukia jeraha.

"Nakiona kibonyeo," alisema Oi.

"Wapi?"

"Hapa. Ngoja. Hapana." Aligeuza daftari. "Kaka, nikitazama huku nataka kukiona, nakiona. Nikitazama huku naogopa, sikioni."

Saa ya mkononi ilisema saa tatu kasoro dakika kumi na mbili. Pigo la mwisho lilipangwa saa tatu kamili, mizinga yote minne kwa pamoja. Nje, mtangazaji wa sherehe, sajini mwenye sauti ya asali, alikuwa anawaeleza wageni uzito wa mtutu na upana wa magurudumu. Alikuwa na kurasa tatu za kusoma, na alishafika ya pili.

Kapteni Wasan alikuwa amesimama mlangoni mwa hema, mikono nyuma, anaangalia turubai jeupe la wageni. Chamnian alimsogelea, akasimama wima.

"Samahani kwa usumbufu, afande."

"Sema upesi."

"Ni ile kadi ya tatu, afande. Naomba, kama inawezekana, kama haitaleta usumbufu, tuwaulize mzinga wa kwanza wameisomaje."

"Kwa nini? Umekosea hesabu?"

"Hapana, afande. Hesabu iko sahihi."

"Basi?"

"Mwandiko, afande. Kwenye pete."

Kapteni aligeuka. "Una hakika umekosea?"

"Hapana, afande."

"Una hakika hukukosea?"

"Hapana, afande. Nina wasiwasi."

"Wasiwasi si taarifa, Sajini." Kapteni alisema hivyo kwa sauti ya chini, na Chamnian akaona kwamba mdomo wake wa juu umelowa jasho. Alikuwa anaogopa naye, ila kitu kingine. "Unataka niende pale, mbele ya Jenerali na mama Jenerali, nimwambie Kanali kwamba sajini wangu hajui kuandika tano? Mzee Bunta ana miaka ishirini na sita kazini. Ataisoma."

"Ndiyo, afande."

"Kama tumbo linakusumbua, nenda chooni."

Choo kilikuwa upande wa pili wa mizinga. Chamnian hakujua, na mpaka leo hajui, kama Kapteni alisema vile kwa kumdharau au kwa kumfungulia mlango. Alipiga saluti, akarudi mezani kuchukua kofia.

"Nenda," alisema Oi, ambaye alisikia yote. "Mimi nitabaki na Kapteni. Lakini usikimbie. Kanali alisema atakayeonekana anakimbia leo atasafisha mabanda ya mbwa mwezi mzima. Na usiende mikono mitupu, utaulizwa unakokwenda." Akamwekea mikononi sinia ya glasi za maji ya barafu iliyokuwa imeandaliwa kwa ajili ya maofisa wa hemani. "Mtu mwenye sinia haulizwi."

Akatoka. Jua lilimpiga usoni. Kutoka hemani hadi mzinga wa kwanza ni hatua mia tatu, na njia inapita nyuma ya turubai la wageni. Alitembea haraka kadiri maji yalivyomruhusu, magoti yameinama, macho kwenye glasi. Mtangazaji alifungua ukurasa wa tatu. Chamnian alisikia karatasi ikichakarika kwenye vipaza sauti.

Alijaribu kujituliza. Mzee Bunta hawezi kukosea. Bunta angeona pete nne, angejua mara moja ni chache, angeuliza. Ila angemwuliza nani? Simu hakuna, redio marufuku, kelele marufuku. Angetuma mtu, basi. Mtu angekuja hemani. Hakuja mtu. Kwa hiyo Bunta alisoma tano, yameisha. Au alisoma nne akanyamaza. Chamnian alimwona Lamyai amekaa kwenye ngazi za nyumba, bakuli la wali wa kunata limewekwa juu ya tumbo lake kwa mzaha, akimwambia mumewe kwamba mtoto tayari ni meza nzuri. Hiyo ilikuwa juzi. Alijilazimisha kutazama glasi.

Alikuwa ameshaupita mlingoti wa kwanza wa turubai, wa pili, bado mmoja.

"Wewe! Sinia!"

Alikuwa Kanali mwenyewe, amejitokeza nyuma ya pazia, uso umewiva kwa joto na furaha ya siku. "Maji yanapelekwa wapi? Jenerali ana kiu nusu saa sasa. Lete huku."

Chamnian alifungua mdomo. Hapo ndipo pa kusema. Alikuwa uso kwa uso na mtu ambaye neno lake moja lingetosha. "Samahani, Kanali, mimi..."

"Huku, huku. Na uiname."

Akaingia. Miaka kumi na moja ya jeshi, na kabla yake miaka yote ya mama yake, ilimwingiza ndani ya turubai kabla akili haijaamua. Mbele ya wakubwa hupiti umenyooka. Unashusha kichwa chini ya vichwa vyao. Basi aliinama, akapita mbele ya mstari wa kwanza wa viti kama mtu anayetafuta sarafu chini, sinia mbele, akisimama kwa kila mmoja. Brigedia mmoja alichukua glasi, akairudisha, akachukua yenye barafu nyingi zaidi. Mke wa ofisa fulani alimwuliza kama hakuna mrija. Chamnian alisema hakuna, samahani, mama. Alikuwa na hofu hadi masikio yalivuma, na bado aliomba samahani kwa sababu ya mrija. Baadaye, kila alipokumbuka siku hiyo, ni hilo lililomtia aibu kuliko yote.

"Na sasa," alisema mtangazaji, "kutoka Kilima cha Nyuki, macho yetu."

Vipaza sauti vikakoroma kidogo, kisha ikaja sauti ya Kung, safi, changa, ya mtu aliyeifanyia mazoezi mbele ya kioo. "Kilimani tuko tayari. Shabaha inaonekana vizuri. Upepo mdogo kutoka kushoto. Karibuni."

Wageni walitabasamu kwa lile karibuni. "Sauti nzuri," mke wa Jenerali alisema, "kijana wa wapi huyu?" Na Kanali, kwa raha, akasema ataulizia jina lake.

Chamnian alikuwa amefika kwa Jenerali. Alipiga goti moja, akanyoosha sinia. Kutoka pale, kati ya kiti cha Jenerali na kile cha mkewe, aliiona mizinga yote minne, kama hatua themanini mbele. Wapakiaji wanne walikuwa wamesimama kando ya mitutu. Mtangazaji akasema, "Pakieni," na wote wanne wakanyanyua makombora kwa mikono miwili, wakayaweka kwenye midomo ya mitutu, mkia ukiwa ndani, wakabaki wameyashikilia. Alijaribu kuhesabu pete. Kwa umbali ule aliona mikono tu. Wakiachia, basi. Kombora likishateleza ndani ya mtutu hakuna Jenerali wala Kanali wa kulirudisha.

Siku ya kwanza ya mafunzo kila kuruta hufundishwa neno moja lisilo na cheo. Ni neno la kusimamisha mapigo. Askari yeyote, hata mpishi, akiona hatari ana haki ya kulitamka, na wote wanaolisikia lazima watii kwanza na kuuliza baadaye. Unalitamka kwa nguvu zako zote na unapishanisha mikono juu ya kichwa ili wa mbali waone. Wanafundishwa, wanalirudia mara ishirini, kisha hawalisikii tena. Kwa miaka kumi na moja Chamnian hakuwahi kumwona mtu akilitumia, hata siku ile lori la mkaa lilipokatiza uwanja wa shabaha.

"Kumi," alisema mtangazaji. "Tisa."

Alifungua mdomo. Hakukutoka kitu. Jenerali alikuwa anamtazama kwa upole, glasi mkononi, akidhani huyu askari anasubiri kuruhusiwa kuondoka.

"Saba."

"Simamisha," alisema Chamnian. Kilichotoka kilikuwa mnong'ono.

"Unasemaje?" Jenerali aliuliza.

"Sita. Tano."

Alisimama. Alinyooka wima mbele ya Jenerali, kichwa juu ya vichwa vyote, sinia ikamtoka ikaanguka kwenye zulia kwa mlio wa glasi na barafu, mama mmoja akapiga ukelele, na Chamnian akapishanisha mikono juu, akapayuka kwa sauti ambayo hata yeye hakujua kwamba anayo.

"Simamisha! Simamisha! Simamisha!"

Kule mbele kichwa cha mzee Bunta kiligeuka. Aliona mikono. Mwili wake wenye miaka ishirini na sita ya jeshi ulitii kabla yeye hajafikiri. Mikono yake ikapanda, ikapishana, na neno likarudi kutoka kwake lenye kishindo. Mzinga wa pili ukalirudia, wa tatu ukalirudia. Wapakiaji watatu walinyanyua makombora yao, wakayakumbatia. Wa mzinga wa nne, kwa kushtuka, alikuwa ameshaanza kuachia. Alilidaka kwa ncha za vidole, likiwa limezama zaidi ya nusu, na hakuweza kulipandisha wala hakuthubutu kupumua. Wenzake wawili walimrukia, mmoja akamshika mikono, mwingine akaingiza vidole pembeni mwa mtutu, wakalivuta taratibu, kidogo, kidogo tena. Chini ya turubai hakuna aliyesogeza kiti. Lilipotoka, yule mpakiaji alikaa chini kwenye vumbi nalo mapajani, akashindwa kunyanyuka.

Mtangazaji alikuwa amenyamaza kwenye tatu.

Kanali alifika mbele ya Chamnian, uso wake hauna tena rangi. "Umefanya nini?" alisema. "Wewe, umenifanya nini?"

Mikono ya Chamnian bado ilikuwa juu ya kichwa. Alitaka kuishusha, ikakataa. Kapteni Wasan alikuja akikimbia, zulia lote, bila kujali marufuku, na ni yeye aliyesema, akihema, "Kadi, mheshimiwa Jenerali. Sajini alikuwa na wasiwasi na kadi. Aliniambia. Mimi sikumsikiliza."

Jenerali aliweka glasi chini. Aliomba kadi, ikaletwa kutoka mzinga wa nne ilikoishia, safi, nzuri, wino mweusi. Aliitazama.

"Pete nne," alisema. "Kuna shida gani?"

"Nne, mheshimiwa," alisema Kanali.

Jenerali alitoa miwani mfukoni, akaivaa, akaisogeza kadi mbali, akaisogeza karibu. "Hapana. Tano hii."

"Tano, mheshimiwa," alisema Kanali.

Jenerali alimtazama Kanali kwa muda mrefu. Kisha akasema, "Zihesabuni pete."

Mzee Bunta alipita kwenye mstari, akainama kwenye kila mkia wa kombora, akarudi mbele ya turubai, akasimama wima.

"Mzinga wa kwanza, nne. Wa pili, tano. Wa tatu, tano. Wa nne, nne."

"Wa kwanza ni wako," alisema Jenerali.

"Ndiyo, mheshimiwa. Nilisoma nne. Niliona ni chache. Nikasema labda shabaha imebadilishwa."

"Mbona hukuuliza?"

Bunta aliangalia mbele, juu ya kichwa cha Jenerali, kama askari anavyotakiwa. "Tuliambiwa kimya, mheshimiwa."

"Na wa nne?"

Sajini wa mzinga wa nne aliitwa. Alikuwa na umri wa Chamnian, walianza kazi mwaka uleule. Alisema yeye alisoma tano, akavisha tano. Halafu akachungulia mzinga wa kwanza, akaona mzee Bunta amevisha nne. "Nikatoa moja, mheshimiwa," alisema. "Nikasema mzee hawezi kukosea."

Chamnian aligeuka akatazama Kilima cha Nyuki, kijani na kidogo kwenye mwanga wa asubuhi, unaweza kukifunika kwa kiganja. Mawili. Makombora mawili ya kilo kumi na sita kila moja, na shimo lisilo na paa. Hofu aliyokuwa nayo tangu hemani ilikuwa hofu ya kubahatisha; sasa ilikuja ile yenyewe, ya kujua. Alishika nguzo ya turubai ili asianguke.

Vipaza sauti vikakoroma.

"Kilimani hapa," alisema Kung kwa uchangamfu. "Bado tunasubiri pigo la mwisho. Huko kuna nini? Mmelala?"

Wageni waliinamisha nyuso, kila mmoja akatafuta pa kutazama. Jenerali alichukua kipaza sauti cha redio kwenye meza ya mtangazaji, akakishika kidogo, kisha akamnyooshea Chamnian.

"Mjibu."

Chamnian alikipokea kwa mikono miwili. "Kung," alisema. "Ni mimi."

"Shemeji! Wewe na redio wapi na wapi? Niambie, nimesikika vizuri? Jenerali amenisikia?"

"Amekusikia."

"Amesemaje?"

Chamnian alimtazama Jenerali. Jenerali alikuwa amevua miwani, ameshika kadi.

"Amesema ushuke."

"Nishuke? Si bado pigo moja?"

"Shuka, Kung. Wewe na wenzako." Sauti ilimkatika, akaikamata tena. "Shukeni sasa hivi, acheni vitu, utaniuliza ukifika. Shuka nikuone."

Upepo mdogo wa kushoto ulisikika ukipuliza kwenye redio. Kung aliporudi alikuwa ameshusha sauti, anaongea kama mtu aliye na shemeji yake peke yao, na vipaza sauti vinane vikalisambaza neno lake juu ya zulia, juu ya viti vyeupe na mashada ya maua, hadi kwenye mizinga.

"Shemeji," aliuliza, "unalia?"

Na Sajini Chamnian, mbele ya Jenerali, mbele ya Kanali na wageni wao wote, alishindwa kusema hapana.